Nta Mkononi mwa Nyanzala

Hapo zamani, siku zile mtu alipotembea siku tatu kumfuata mama yake na hakuna aliyeona ajabu, alikuwapo mwanamke mmoja jina lake Milembe. Alikuwa na binti wa miaka mitatu, Tungu, na alikuwa na mama, Nyanzala. Baba yake Milembe, Kasanda, alikuwa mrina asali, naye alikuwa amefariki miaka minne nyuma. Tangu hapo Nyanzala alikaa peke yake. Alichota maji peke yake, alikula peke yake, akaanza kuzungumza na kuku. Milembe aliposikia habari ya kuku, alifunga mzigo akaenda kumchukua mama yake waishi pamoja.

"Nitakuja," Nyanzala akasema. "Ila tupitie msituni kwanza. Nataka kuuona mzinga wa baba yako."

Maana Kasanda aliacha mizinga, na mingine yote ilioza au iliangushwa na upepo, ukabaki mmoja. Nyanzala aliuona ulipokuwa gogo, mumewe ameukalia uani kama mtu aliyepanda punda, akiuchonga huku akiimba vibaya. Hakuwahi kuuona ukiwa mtini. Kila msimu warina walimletea kibuyu cha asali mpaka mlangoni. Asali ilimjia yeye. Yeye hakuwahi kuifuata asali.

Basi wakaenda. Tungu mgongoni, mzigo kichwani, Nyanzala nyuma na fimbo yake. Siku ya pili, alasiri, wakasikia harufu ya moshi wa magome, kisha wakasikia watu wanacheka. Wakajua wamefika kambini kwa warina.

Walikuwapo watatu. Wa kwanza Lugoye, rafiki wa Kasanda tangu ujana, mtu mzima mwenye miguu mirefu. Wa pili Shigela, kijana mwenye makovu ya moto kuanzia viganja hadi mabegani. Wa tatu Kalekwa, mwanamke anayeishi karibu na chemchemi, aliyekuwa amewaletea warina boga la kuchemsha.

"Karibu, shemeji!" Lugoye akaita. "Karibuni, karibuni!"

"Karibu, mama," akasema Shigela. "Ila msikae karibu na Lugoye. Anakula masega tangu asubuhi, nyuki sasa wanadhani yeye ndiye mzinga."

"Nyamaza, mtani. Wewe nyuki wakikuuma, wao ndio wanaovimba."

Kalekwa akainuka. Alimpokea Milembe mzigo, akamteremsha Tungu mgongoni, akamfuta vumbi usoni kwa pindo la kanga yake mwenyewe. Milembe aliliona hilo, akaliweka moyoni.

Nyanzala akauliza, "Uko wapi?"

Wakampeleka chini ya mti mmoja mrefu wa mtundu. Juu, kwenye tawi la tatu, mzinga ulikuwa umelala kwa utulivu, umefungwa kamba za magome, na mdomoni umechorwa alama ya Kasanda, mistari miwili na nukta. Nyanzala aliutazama mpaka shingo ikamuuma. Milembe akasimama nyuma yake, akamkinga mama yake mgongo kwa kifua chake, ili aendelee kutazama.

Lugoye akafukiza moshi, Shigela akapanda na kamba, na jua lilipoanza kushuka wakateremsha ndoo ya masega. Walirina nusu tu. Nusu waliwaachia nyuki wale.

Sega la kwanza akapewa Nyanzala. Akauma. Asali ikamtiririka kidevuni, naye hakujifuta. Ilikuwa nyepesi, ya rangi ya chai ya rangi, na nyuma ya utamu ilikuwa na uchungu kidogo wa ua la mtundu. Zile za kibuyuni zilikuwa tamu tu, zimekaa, zimetulia. Hii ilikuwa bado na joto la nyuki.

"Kumbe," akasema. "Kumbe hivi ndivyo ilivyokuwa mdomoni mwake alipokuwa huku." Akacheka, kisha machozi yakamtoka akiwa bado anacheka. Tungu akaulamba mkono wa bibi yake hadi kwenye kiwiko, na hakuna aliyemkataza.

Hapo ndipo Lugoye alipopiga magoti mbele yake. "Shemeji, unahama. Desturi yetu unaijua?"

"Sijui desturi za huku. Niambie."

"Mwenye mzinga akiaga, hutafuna sega, nta inayobaki huifinyanga kwa mkono wake, kisha humpa mmoja wetu. Yule huipaka mdomoni mwa mzinga, akachora alama yake, ukawa wake. Mzinga mmoja, alama moja. Na lazima nta iwe laini. Ikipoa ikawa ngumu, haishiki. Mzinga usiopakwa nta hushushwa siku hiyohiyo, ukapasuliwa kuni, maana mzinga usio na mtu huleta ugomvi kambini."

Nyanzala akatazama juu tena. Kitu cha mwisho ambacho mikono ya mumewe ilikitengeneza, kupasuliwa kuni! Akaitoa nta mdomoni, akaanza kuifinyanga kiganjani.

"Nani anautaka?" akauliza.

"Mimi," akasema Lugoye.

"Mimi," akasema Shigela.

 Kisha Kalekwa, ambaye hakuwa mrina, akasema, "Na mimi."

"Basi semeni," Nyanzala akasema. "Semeni haraka, na semeni kweli. Nta inapoa."

Lugoye akaanza. "Shemeji, miaka minne nimeutunza huu mzinga. Kamba zilipooza, nilisokota nyingine. Ulipopata ufa, niliuziba kwa samadi na majivu. Siafu walipopanda, nilizungushia mti majivu ya moto. Asali yake nilikuletea mwenyewe, mwendo wa siku nzima, nikarudi. Kasanda aliniachia kazi ya mkono wake, nami sijaitupa. Nani mwingine?"

"Semeni kweli, nimesema," Nyanzala akakumbusha.

Lugoye akainamisha kichwa.  "Mwaka wa pili. Mwaka ule nilikuletea kibuyu kitupu, nikasema nyuki wamehama. Hawakuhama. Mwanangu alikuwa anaumwa kifua, hapumui. Asali yangu ilikuwa imekwisha. Nikampa yako yote, kijiko kwa kijiko. Alipona. Nikaona haya kukwambia. Kila nilipokuletea kibuyu tangu hapo, nilikijaza mpaka juu, nikidhani nalipa. Leo umeonja, umelia, nimeshindwa kuficha."

Nyanzala akakumbuka mwaka ule. Alilia usiku kwa kudhani hata nyuki wamemsahau Kasanda. Lakini mdomoni akasema tu, "Mtoto yuko wapi sasa?"

"Anachunga mbuzi. Anasumbua watu."

"Vizuri." Akaendelea kufinyanga. "Shigela."

Shigela akanyoosha mikono yake yenye makovu. "Mama, mwaka jana moto uliingia msituni. Mimi nilikuwa na mizinga minne upande ule, na wa marehemu ulikuwa upande huu. Ningeweza kukimbilia upande mmoja tu. Nililowesha blanketi, nikapanda huu mti, nikaukumbatia mzinga mpaka moto ukapita chini. Nyuki waliniuma, moto ukaniunguza, sikuachia. Mizinga yangu minne iliungua. Leo sina hata mmoja. Mimi ni mrina asiye na mzinga, mama."

"Kwa nini uliuchagua wa marehemu?"

"Kwa sababu yeye hakuwapo kuuokoa."

Lugoye akakohoa. "Sema na nusu nyingine, mtani." Safari hii hakuwa anatania.

Shigela akairudisha mikono. "Moto niliuwasha mimi. Nilirina asubuhi, nikakitupa kienge cha kufukizia nyuki nikidhani kimezimika. Hakikuzimika. Mizinga kumi na mmoja ya watu iliungua, pamoja na yangu. Kambi ilinisamehe. Mimi bado."

Milembe alimtazama mikono, akafikiria: kama ni mwanangu, ningetaka mtu ampe nini?

"Kalekwa," Nyanzala akasema, na sasa alikuwa anaifinyanga nta haraka, akiipulizia pumzi.

"Mama, mimi maneno yangu ni machache. Kiangazi cha mwaka juzi kijito kilikauka. Nyuki hawakai pasipo maji. Mizinga mingine ilibaki mitupu. Mimi nilikuwa nachota chemchemini, naleta hapa ndoo moja asubuhi, moja jioni, namimina kwenye karai, naweka vijiti juu wasizame. Miezi miwili. Nilikuwa na mimba ya mtoto wangu wa pili. Nyuki wa mzinga huu hawakuhama."

"Maboga!" akasema Shigela. "Sema habari ya maboga."

Kalekwa akacheka, akafunika mdomo. "Haya, maboga. Shamba langu liko pale. Maua yalikuwa yanachanua na kuanguka bila kuzaa. Bila nyuki hakuna boga. Ndiyo, nilileta maji kwa ajili ya maboga yangu. Hata hili mlilokula leo, Shigela, na ulirudia mara mbili."

"Mara tatu," Lugoye akasema.

"Lakini mama," Kalekwa akaendelea, na sauti yake ikashuka, "maboga yalikomaa, nikayavuna, tukayala. Na bado niliendelea kuleta maji wiki tano nyingine mpaka mvua. Sikujua mzinga ni wa nani. Nilishazoea kuwaona wanakunywa."

"Utapanda mti wewe?" akauliza Lugoye.

"Sipandi. Atanipandia mtu, nami nitampa nusu. Kwani nyinyi mlipokunywa maji yangu niliwauliza kama mnajua kuchota?"

Shigela akacheka.

Nyanzala akageuka kwa binti yake. "Milembe, mimi nimeshindwa. Huyu alinidanganya, akaponya mtoto. Huyu alichoma msitu, akaokoa mzinga. Huyu hakumjua baba yako, hajui hata kupanda, na bila yeye tusingeonja kitu leo. Nisaidie. Kesho tutaondoka na sitarudi tena huku. Sitaki kwenda kwako nikiwa na moyo mzito."

Milembe akamtazama Lugoye, aliyepiga magoti kama mtoto aliyevunja chungu. Akafikiri: uongo wake ulimliza mama yangu. Lakini angemwachaje mtoto akose pumzi, na asali iko mtini? Akamtazama Shigela. Akafikiri: watu walipoteza mizinga kwa uzembe wake, na huyu hapa hana kitu, naye aliutanguliza mzinga wa marehemu kabla ya yote yake. Akamtazama Kalekwa, ambaye wakati huo alikuwa amempakata Tungu, anamchambua nywele zilizonata asali, moja moja, bila kumvuta. Akafikiri: huyu hatendi wema kwa kuhesabu. Lakini mzinga ni kazi ya kupanda, na baba aliuchonga upandwe.

Alitaka kusema jina. Lilikuwa limeshafika kwenye ulimi. Akamwona mwingine akimtazama, akalimeza. Akataja jingine moyoni, akalimeza tena.

"Mama," akasema mwishowe, "wote watatu wamekupenda bila wewe kujua. Na mimi sijui kupima upendo ambao sikuuona ukitendeka."

"Nta, binti yangu. Nta."

Nyanzala akafungua kiganja. Nta ilikuwa donge la manjano, dogo kama yai la kanga, na pembeni lilikuwa limeanza kupauka. Joto lililobaki lingetosha kupaka mdomo wa mzinga mmoja tu, na si kwa muda mrefu. Mikono mitatu ikanyooka mbele yake: mmoja mkavu, wenye samadi kwenye kucha, mmoja wenye makovu, mmoja wenye sugu za ndoo. Juu yao nyuki walikuwa wanarudi mmoja mmoja, wanaingia ndani, hawajui kinachoamuliwa huku chini.

Nyanzala akanyanyua mkono.

Haya, ninyi mnaonisikiliza, msitazamane na msimwachie jirani ajibu. Mngekuwa nyinyi pale, nta inapoa viganjani mwenu: mngempa Lugoye, aliyetunza miaka minne na kudanganya mara moja? Mngempa Shigela, aliyeuunguza msitu na kuungua kwa ajili ya mzinga usio wake? Au Kalekwa, aliyeleta maji kwa ajili ya maboga, kisha akaleta bila sababu?

Je, nani alistahili mzinga wa Kasanda?