Chui Alivyolifundisha Zimwi Kuiba

Hapo zamani, zamani ile wanyama walipokuwa wakifua nguo na kuanika, wakipika na kuunguza, wakigombana na majirani kama sisi, palikuwa na kijiji juu ya kilima cha mawe. Sogeeni. Wewe wa nyuma, acha kumfinya mwenzako, utapitwa na utamu.

Katika kijiji hicho aliishi Bi Pimbi. Pimbi mnamjua? Kanyama kadogo, ka kahawia, hakana mkia, kana meno mawili mbele kama kanataka kucheka. Ungeweza kumtia kwenye kikapu cha mboga na ukafunika. Lakini kichwa chake! Kichwa chake kilikuwa hakitulii hata akilala.

Kazi yake ilikuwa kuonyesha picha. Alikata maumbo kwenye ngozi kavu, akayafunga kwenye vijiti, akatundika shuka jeupe ndani ya pango lenye giza na kuwasha moto nyuma yake. Maumbo yalipopita kati ya moto na shuka, watazamaji waliokaa mbele waliona vivuli vinatembea, vinapigana, vinakula ugali. Nje jua kali, ndani ya pango giza totoro.

Na watoto walipenda nini kuliko vyote? Maadui!

Palikuwa na Malkia Kucha, aliyetaka kulitia jua kwenye kibuyu ili aote moto peke yake. Jua likachoma kibuyu, kibuyu kikachoma vidole, "Uuuwi!" Malkia akatimua mbio, kilemba huku, viatu kule. Palikuwa na Jitu Domo, lililomeza kila lilichokiona, mpaka siku moja likameza mzinga wa nyuki. Vuuuuu! Nyuki wakatokea masikioni. Watoto wakapiga makofi hadi vumbi likawaingia puani.

Mtazamaji mmoja tu hakupiga makofi maadui waliposhindwa. Alikuwa Bwana Chui, mlinzi wa kijiji. Huyu alikaa mbele kabisa, miguu kainyoosha, akawaziba wenzake. Adui akitokea, alifurahi. Adui akianguka, alisonya "Mfyuuu!" na kuondoka bila kuaga.

Sasa sikilizeni shida ilivyoingia.

Kiangazi kilikuwa kikali. Chakula chote cha kijiji, magunia ya mtama, karanga, mitungi ya asali, kiliwekwa kwenye ghala moja, na funguo alikabidhiwa Kakakuona. Kakakuona ni mpole mno. Ukimpigia kelele kidogo tu anajikunja, anakuwa kama mpira, na maneno yote yanabaki humo ndani.

Siku moja Mwenyekiti wa kijiji, Mama Nyati, alikwenda kukagua ghala. Akapiga gunia teke. Likamwagika mchanga. Akapiga la pili. Mchanga! Akainua mtungi wa asali. Maji!

"Nani?" akanguruma, kilima kikatetemeka, na wanakijiji wote wakakimbilia pale. "Naniii?"

Chui akajitokeza, ameinamisha kichwa, ameshika kifua. "Jamani," akasema kwa sauti ya msibani, "inaniuma kusema, maana ni jirani yangu. Lakini kufuli halikuvunjwa. Mwenye funguo ni mmoja. Mimi sisemi neno. Nawaachia wenyewe."

Wote wakamgeukia Kakakuona. Naye akafanya nini? Akajikunja!

"Mnaona?" akasema Chui. "Asiye na kosa hujificha?"

Mama Nyati ana hasira za karibu. Hakuuliza tena. "Kakakuona, mwezi ukiandama usikuone hapa. Wewe, mkeo, na mwanao."

Mwana mwenyewe alikuwa bado mchanga, anabebwa kwenye mkia wa mama yake. Na huko bondeni, kiangazi kile, hapakuwa na maji wala mchwa wa kula. Kuhama ilikuwa kwenda kufa, na kila mtu alilijua hilo, ila hakuna aliyesema.

Bi Pimbi alikwenda kwa Kakakuona siku ile ile. Akamkuta amejikunja uani, mkewe anafunga vyombo kwenye mkeka, machozi yanadondokea masufuria.

"Hodi, shemeji," akamwambia mke. Kisha akagonga magamba ya mume. Ko-ko-ko! "Kaka, fungua. Ni mimi."

"Sikuiba," sauti ikatoka ndani.

"Najua. Aliyeiba ni Chui."

Kakakuona akakunjuka kidogo, jicho moja likachungulia. "Umejuaje?"

"Juzi nilionyesha picha ya mwizi aliyeingia dukani kwa mlango wa mbele. Chui akanung'unika, 'Mjinga huyo, ndiyo maana anakamatwa.' Nikajiuliza, mlinzi gani anamsikitikia mwizi?"

"Basi kamwambie Mama Nyati!"

"Nimwambie mwizi ni mlinzi wake mwenyewe? Ushahidi uko wapi? Na Chui je, akinisikia? Mimi ni kitafunwa tu kwake, kaka. Sitamkata hata hamu." Bi Pimbi akajikuna shavu, meno yake mawili yakang'aa. "Hapana. Atasema mwenyewe. Wewe kesho njoo kwenye picha. Ukae ubavuni kwa Mama Nyati. Akitaka kuinuka, mguse, mwambie 'subiri'. Hilo tu. Utaweza?"

"Nitaogopa."

"Ogopa, lakini uje."

Kutoka hapo, tip-tip-tip, Bi Pimbi moja kwa moja hadi kwa Chui. Akamkuta amejilaza barazani, anachokonoa meno.

"Shikamoo, Bwana Chui."

"Marahaba. Unataka nini, kidole gumba?"

"Nimeharibikiwa, bwana. Kesho naonyesha picha mpya, ya Zimwi linaloiba ghala la mfalme. Adui mkubwa kuliko wote! Lakini sauti sina. Nikisema 'Mimi ndimi Zimwi', watoto wanacheka. Sikiliza." Akabana pua. "Miii ndiii Zimwiii."

Chui akacheka hadi kijiti kikamtoka mdomoni.

"Unaona aibu hiyo?" akasema Bi Pimbi. "Panatakiwa sauti nzito, sauti ya kuwafanya wazee washike fimbo zao. Nikasema, katika kijiji hiki chote, nani kama Bwana Chui?"

Chui akajiweka sawa, akalamba sharubu. "Mimi napenda maadui wako. Ila wajinga. Kila siku wanashindwa kwa upumbavu."

"Ni kwa sababu ninawatunga mimi, bwana. Mimi nitajua nini mambo ya kuiba?"

"Kweli," akasema Chui. "Wewe utajua nini?"

"Basi ukiona nimekosea, nisahihishe pale pale. Usinionee haya."

Chui akakubali. Tena akataka afundishwe kicheko. Zimwi bila kicheko si zimwi! Akajaribu: "Khe. Khe. Kho!" Kama aliyekwamwa na mwiba wa samaki.

"Toa chini tumboni, bwana. Hua-ha-ha-haaa!"

"Hua... kho! Hua-ha-ha-haaa!"

Alishinda siku nzima anafanya mazoezi. Majirani wakadhani anaumwa.

Kesho yake pango likajaa. Mama Nyati alikaa katikati, na ubavuni kwake Kakakuona, anatetemeka, magamba yanalia cheke-cheke. Mama Nyati akamtazama kwa jicho la pembeni, akageukia shuka. Nyuma ya shuka, Bi Pimbi alishika vijiti. Chui alisimama kando yake, amejifunga blanketi begani ingawa hakuna aliyemwona.

Moto ukawaka. Kwenye shuka likatokea Zimwi, pembe mbili, tumbo kama pipa.

"Mimi ndimi Zimwiiii!" akanguruma Chui. "Hua-ha-ha-haaa!"

"Mama weee!" watoto wakalia, wakazidi kusogea mbele.

Chui alisikia vile, kichwa kikavimba.

"Zimwi likafika ghalani kwa mfalme," akasimulia Bi Pimbi. "Likashika jiwe, likavunja kufuli. Kwacha!"

"Aa!" akasema Chui. "Kufuli la nini? Asubuhi si kila mtu ataona limevunjwa?"

Watu wakacheka. Walidhani ni sehemu ya mchezo.

"Samahani, ewe Zimwi," akasema Bi Pimbi. "Ulipita wapi basi?"

"Paani! Nyuma ya ghala, pale penye mchongoma, makuti yamelegea. Nainua, naingia, narudishia. Hata mjusi hajui!"

Kicheko kikapungua kidogo. Ghala la kijiji nalo lilikuwa na mchongoma nyuma. Mama Nyati akataka kuinuka. Kakakuona akanyoosha mkono, akamgusa. "Subiri, mama," akanong'ona. "Tafadhali, subiri."

Mama Nyati akakaa.

"Zimwi likazoa magunia yote, likayabeba, likatoka," akaendelea Bi Pimbi.

"Yote!" Chui akashika kichwa. "Wewe Pimbi wewe! Ukizoa yote, ghala litaonekana tupu. Unachukua mtama, unajaza mchanga. Unachukua asali, unajaza maji. Taratibu! Huo ndio ufundi!"

Sasa pangoni palikuwa kimya. Hata watoto wachanga walinyamaza. Chui, kule nyuma ya shuka, akadhani kimya kile ni cha kustaajabiwa. Akapanua kifua.

"Halafu likapeleka mzigo nyumbani, likauficha uvunguni," akasema Bi Pimbi.

"Uvunguni! Wakija kupekua? Unapeleka Pango la Popo. Nani ataingia, na harufu ile? Unaingia, unageuka mkono wa kushoto, juu ya mwamba. Hapo kimya."

"Lakini mfalme atauliza mwizi ni nani. Zimwi litajibu nini, jamani? Hapo mimi nimekwama kabisa."

"Hapo ndipo penye utamu wenyewe!" Chui akamsukuma Bi Pimbi kando, akashika kijiti cha Zimwi kwa mkono wake. "Unamtafuta mnyonge. Yule asiyejua kujitetea. Kisha unainamisha kichwa, unashika kifua, unasema..." Akaigeuza sauti ikawa ya msibani. "Jamani, inaniuma kusema, maana ni jirani yangu. Lakini mwenye funguo ni mmoja. Mimi sisemi neno. Nawaachia wenyewe. Hua-ha-ha-ha-haaa!"

Kicheko kikagonga kuta za pango, kikarudi, kikafa.

Hakuna aliyepiga makofi.

Chui akangoja. Akangoja tena. Mwisho akatoa kichwa juu ya shuka. "Makofi yako wapi?"

Mama Nyati alikuwa amesimama. "Utapata, Bwana Chui," akasema polepole. "Nieleweshe tu kidogo. Ukiingia Pango la Popo, ni mkono wa kulia au wa kushoto?"

"Kushoto, mama. Juu ya mwam..."

Mdomo ukabaki wazi.

"Haaaa!" pango zima likapumua.

"Si mimi!" Chui akapiga kelele. "Zimwi! Zimwi ndilo lililosema! Ni mchezo! Pimbi, waambie ni mchezo!"

"Mimi sisemi neno," akasema Bi Pimbi. "Nawaachia wenyewe."

Chui akaruka. Kwa haraka hakuliona shuka. Likamvaa kichwani, kamba zikamfunga miguu, akatoka pangoni kama maiti iliyofufuka. Mteremko wa mawe ukampokea. Bu! Bu! Kwaru-kwaru! Puuu! Akatua kwenye dimbwi la tope ambamo ngiri walikuwa wakioga na watoto wao.

"Ee, bwana," ngiri mmoja akasema, "ungebisha hodi kwanza."

Kabla hajajinasua, Mama Nyati alikwisha fika, pembe zimeinama. Chui akajisalimisha mwenyewe.

Walimpeleka Pango la Popo. Mkono wa kushoto, juu ya mwamba, vyakula vyote vilikuwapo, isipokuwa vile alivyokwisha kula. Wakambebesha. Jua la utosi, gunia moja baada ya jingine, kilima kile chote, na watoto wanamfuata nyuma, wameviringa midomo: "Hua-ha-ha-haaa!" Alipomaliza, hakuwa mlinzi tena. Alihama mwenyewe, bila kufukuzwa, maana kila alikopita alikisikia kicheko chake.

Mama Nyati alizichukua zile funguo alizomnyang'anya Kakakuona, akamwendea mbele ya watu wote. Akapiga magoti, na Nyati kupiga magoti si jambo dogo.

"Nilikuhukumu kabla ya kukusikiliza," akasema. "Nisamehe, mwanangu. Shika funguo zako."

Kakakuona alizitazama. Wote wakadhani atajikunja. Hakujikunja.

"Nitazishika, mama," akasema, sauti ndogo lakini inasikika. "Ila siku nyingine mtu akijikunja, kaeni chini mumngoje akunjuke."

Mkewe akacheka huku analia, akaenda zake kufungua mkeka na kurudisha masufuria jikoni.

Basi hapo ndipo walipofika, nami napumzisha ulimi. Funzo lake, wanangu, ni hili: anayeuonea fahari ubaya wake hataweza kuuficha, kwa kuwa atatamani watu wamsifu.