Ukuta wa Nyuma wa Siwema

Hapo zamani isiyo mbali, Siwema alikuwa ameilipia nyumba yake ya mkopo kwa miaka kumi. Mwezi mmoja tu alichelewa, na Bwana Kapungu, tajiri aliyemkopesha, akaja kumtolea vyombo nje.

"Miaka yote hiyo nimelipa nini, bwana mkubwa?" Siwema aliuliza mbele ya majirani.

"Riba, bibie! Bei yenyewe hujaigusa."

"Hata kizingiti si changu?"

"Hata msumari! Nyumba ni yangu, toka msingi hadi bati."

"Na ukuta wa nyuma?"

"Wangu! Una swali jingine?"

"Sina. Mzee Lihamba, umesikia?"

Jirani yake, Lihamba, alijitokeza na kipande cha kamba mkononi. "Nimesikia. Basi ukuta wako, Bwana Kapungu, umemwangukia ng'ombe wangu wa maziwa, tena mwenye mimba. Unanilipa, au twende kwa mwenyekiti wa mtaa?"

Kapungu aliwageukia majirani. "Ukuta wangu? Nyumba ni ya Siwema! Kailipia miaka kumi, nyote mashahidi!"

"Basi tuandikie," alisema Siwema, akimpa kalamu.

Kapungu aliandika upesi, akatia sahihi bila hata kwenda kuchungulia nyuma ya nyumba, ambako ng'ombe alikuwa akicheua kando ya ukuta uliosimama wima.