Kauboi wa Chalbi

Sogeeni karibu, maana kesi hii imenishinda.

Huko jangwani Chalbi waliishi marafiki watatu. Akiru aliweza kuiona filamu nzima kichwani kabla haijapigwa. Wario akipanda ngamia, hata awe mkali kiasi gani, mnyama anatulia. Na Qabale? Akishika kamera, mkono wake hautetemeki hata chembe.

Wote walipenda filamu za kauboi, wakaamua kutengeneza yao, fupi, yenye ngamia badala ya farasi, Wario akiwa ndiye kauboi. Asubuhi ya kupiga filamu, mwigizaji wa jambazi hakutokea.

"Turudi tu nyumbani," alisema Wario. "Kauboi atapigana na nani?"

Akiru alitazama uwanda mweupe wa chumvi usio na mwisho. Ghafla akaruka. "Na ardhi! Jambazi ni ardhi yenyewe! Hakuna bunduki, hakuna maneno. Mtu mmoja tu, na jangwa linalomkataa!"

Wenzake walicheka, kisha wakaanza kupanga naye.

Hata hawajamaliza kupanga, kisulisuli kikainuka, nguzo ya vumbi ndefu kuliko mnara wa simu, kikaja upande wao. Ngamia akaanza kunguruma.

"Adui wetu huyo!" Wario alipiga kelele. Akajifunga shuka usoni, akamwelekeza ngamia moja kwa moja ndani ya vumbi. Wakatoweka.

Qabale alikuwa njiani mwa kisulisuli.

"Kimbia, Qabale!" Akiru alimpigia kelele.

Hakukimbia. Alipiga goti, mchanga ukamchapa machoni, naye akaendelea kupiga filamu mpaka Wario alipochomoza upande wa pili, mweupe mwili mzima, bado yuko juu ya ngamia. Walikumbatiana wakipiga vigelegele, ingawa macho ya Qabale yalikuwa yamevimba, hayafunguki.

Filamu yao ilipoonyeshwa kwenye tamasha la filamu jijini, ukumbi mzima ulisimama kuwashangilia. Jaji akatangaza zawadi: nafasi ya kwenda kutengeneza filamu ndefu, lakini ya mtu mmoja tu.

"Filamu hii ni ya nani? Apande jukwaani!"

"Ni yangu," alisema Akiru. "Bila wazo langu tungerudi nyumbani."

"Wazo halipandi ngamia," alijibu Wario. "Aliyeingia kwenye vumbi ni mimi."

"Na bila mimi," alisema Qabale, "nani angekuona?"

Jaji akashusha kipaza sauti.

Haya, msikilizaji wangu, ungekuwa wewe jaji, ungempandisha nani?