Nani Alimtoa Somoe Ghalani?

Sogeeni karibu, na mwenye mtoto anayelia amnyonyeshe kwanza, maana hadithi hii inataka masikio yote. Mimi kazi yangu ni kusimulia. Kuamua nawaachia ninyi.

Katika kiwanda kimoja cha korosho, huko Kusini, walikuwapo watu watatu, kila mmoja na kipaji chake.

Wa kwanza ni Bibi Namkopi, aliyelea watoto wa wabanguaji katika kibanda kando ya geti. Kipaji chake kilikuwa ukaidi. Akisema hapa siondoki, basi haondoki, hata mvua imnyeshee. Wakwe zake walimwogopa kwa sababu hiyo. Watoto walimpenda.

Wa pili ni Likumbage, kijana wa ofisini. Yeye alitunza mfumo wa kompyuta uliofungua milango kwa alama za vidole na kuandika nani ameingia kazini na nani ametoka. Kipaji chake kilikuwa uaminifu. Waliochelewa walimbembeleza sana.

"Kaka Likumbage, nifutie hizo dakika chache tu. Nani atajua?"

"Mimi nitajua," alijibu. Kwa hiyo walimwita Mkate Mkavu.

Wa tatu ni Asumini, mchambuaji. Kipaji chake kilikuwa vidole. Msicheke. Mafuta ya maganda ya korosho huunguza ngozi, na mbanguaji akikaa kazini muda mrefu, ncha za vidole vyake huwa laini kama mgongo wa kijiko. Mashine ikivitazama haioni kitu. Lakini Asumini alichambua korosho zilizokwisha kumenywa, na vidole vyake vilibaki vizima. Mashine haikumkataa hata siku moja.

Sasa, Asumini alikuwa na rafiki, Somoe, mbanguaji mwenye mtoto mchanga. Mashine ilimkataa Somoe kila asubuhi, mpaka akakaribia kufukuzwa kwa kuhesabiwa kuwa hakuja kazini. Siku ya kusajiliwa upya, msimamizi alipogeuka kuita mwingine, Asumini alipitisha mkono chini ya kanga ya rafiki yake na kubonyeza mashine kwa dole gumba lake mwenyewe la kushoto. Mashine ikaandika: Somoe.

Tangu hapo Asumini alibonyeza mara mbili. Dole la kulia lilikuwa lake, la kushoto lilikuwa la Somoe. Wabanguaji wengi walifanya hivyo na marafiki zao wa uchambuzi. Walikuwa na jina lake, "kuazima dole", na hakuna aliyelisema mbele ya wakubwa.

Ijumaa moja kazi ilimalizika mapema, kwa kuwa ghala lilikuwa lifukizwe dawa ya wadudu. Somoe alikuwa na maziwa yaliyojaa yakimuuma. Pale kiwandani hapakuwa na mahali pa mama kujikamulia, hivyo akina mama walizoea kujificha ghalani, nyuma ya magunia. Somoe alijipenyeza pamoja na wapakiaji wa mwisho, akajikamulia, na kwa uchovu wa kukesha na mtoto, usingizi ukamchukua.

Asumini alifika kwenye mashine ya kutokea, akamtafuta rafiki yake kwa macho, hakumwona. Akajisemea, "Ameshamkimbilia mtoto." Akabonyeza la kulia. Akabonyeza la kushoto.

Fundi wa dawa alitazama kioo cha mashine iliyo kwenye mlango wa ghala. Mashine iliandika kwamba ndani hakuna mtu. Akapanga vidonge vyake kwenye sahani karibu na mlango, vile vinavyotoa hewa ya sumu taratibu, akatoka. Mlango wa chuma ukajifunga kwa siku tatu.

Ndani, Somoe aliamshwa na harufu. Alikimbilia mlangoni, akabonyeza dole la kwanza, la pili, yote kumi. Mashine ilikataa. Akaanza kupiga chuma kwa viganja.

Kule getini akina mama walichukua watoto wao, akabaki mmoja. Bibi Namkopi alimfunga mgongoni, akamwendea mlinzi.

"Mama wa huyu yuko wapi?"

"Bibi, ametoka. Mashine imesema."

"Mashine yako imeshawahi kunyonyesha? Mwenye maziwa ya kumwagika hapiti hapa bila kuchukua mtoto."

"Bibi, wewe si mfanyakazi. Ndani huingii."

Akaingia. Mlinzi alimshika mkono, Bibi akamsukuma, mlinzi akamfuata akipiga kelele. Bibi alizunguka kila jengo akiita, mpaka akakuta mlango wa ghala, akakaa chini mbele yake na mtoto mgongoni. "Fungueni. Siondoki."

"Mle kuna sumu, mama," alisema fundi wa dawa. "Na hakuna mtu."

"Weka sikio."

Aliliweka ili amridhishe tu. Uso wake ukabadilika. "Kuna mtu anagonga," alisema, na kugonga kwenyewe kulikuwa kunafifia.

Wakamwita Likumbage. Ufunguo wa akiba ulikuwa kwa mkurugenzi, naye alikuwa safarini, simu haipatikani. Mlinzi alipendekeza wakate umeme.

"Ukikata umeme unabaki umefungwa," alisema Likumbage. "Wakati wa dawa, mlango unamfungulia mtu mmoja tu, yule ambaye mfumo umemwandika kuwa yuko ndani. Ndiyo kinga yake. Na mfumo unasema hakuna."

"Basi uandike kwamba yupo," alisema Bibi.

"Kubadilisha kumbukumbu bila idhini ni kufukuzwa kazi, Bibi."

"Mwanangu, sikiliza mlango."

Likumbage alisikiliza. Kugonga kulikuwa kumekoma. Alikimbilia ofisini, na yule Mkate Mkavu ambaye hakuwahi kumfutia mtu hata dakika akafuta maandishi kwamba Somoe ametoka, akaandika yuko ndani. Akarudi akihema.

"Tayari. Sasa ninahitaji kidole chake."

Watu wakatazamana. Mwenye kidole alikuwa upande wa pili wa chuma.

Asumini, aliyerudi kutoka getini aliposikia kelele, alikuwa amesimama miongoni mwao, mikono ndani ya kanga. Aliyekamatwa akimbonyezea mwenzake hufukuzwa siku hiyo hiyo, na meneja, Bwana Chitanda, alikuwa amefika na kusimama karibu na mashine kabisa. Asumini ana mama mgonjwa na wadogo zake watatu, wote wanamtegemea yeye.

"Nipisheni," alisema.

Akapita mbele ya meneja, akatoa dole la kushoto, akabonyeza. Mlango ukafunguka.

Somoe alikuwa ameanguka papo hapo kizingitini. Fundi, aliyekuwa na kinyago chake cha kuzuia hewa, alimburuta nje. Alilazwa hospitali, akatapika sana, akapona.

Somoe aliporudi, Bwana Chitanda alimwita ofisini pamoja na wale watatu.

"Makao makuu wamesoma taarifa yangu," alisema. "Mgeni kuvamia kiwanda, kubadilisha kumbukumbu, kuazima dole. Makosa matatu. Nimepewa ruhusa ya kusamehe moja. Atakayesamehewa atabaki, wawili wataondoka. Ukiondoka wewe, Bibi, na kibanda kinabomolewa. Somoe, ninyi mnajuana kuliko ninavyowajua. Taja jina."

Likumbage alikohoa. "Bibi ulikaa pale mlangoni kama mlima, sikatai. Lakini chuma hakiogopi bibi."

"Na wewe ungekuwa nyumbani unakunywa chai," alijibu Bibi. "Nani alikuambia kuna mtu ndani? Kompyuta yako?"

"Dole ndilo lililofungua," alisema Asumini kwa sauti ndogo.

"Dole ndilo lililomfungia," alisema Likumbage. "Ndilo lililoandika ametoka."

"Bila dole hilo angekuwa hana kazi tangu mwaka jana."

"Bila kazi asingekuwa ghalani," alisema Bibi, na mara akaonekana kujuta.

Somoe alimpakata mwanawe, akamtazama meneja.

"Na nisipotaja?"

"Wataondoka wote watatu."

Aliyejua kwamba yumo ndani ni Bibi. Aliyeufanya mfumo ukiri hivyo ni Likumbage. Aliyefungua ni Asumini. Angekosekana mmoja wao, leo mtoto yule angekuwa analelewa na shangazi.

Bwana Chitanda ameshika kalamu. Bibi anamtazama mtoto, Likumbage anatazama sakafu, Asumini anamtazama rafiki yake moja kwa moja. Haya, mliosikia, mwekeni Somoe pembeni apumzike, mkae kwenye kiti chake. Mngemtaja nani? Na hao wawili wakitoka mlangoni, mngewaambia nini?