Mgongo Usiopata Maji

Wamepokea waliotutangulia, nao walipokea kwa watu waliokuwa na haya kuliko sisi, kwamba palikuwa na mji katika mabonde ya Yamani, mji wa mitende na visima vya maji baridi. Watu wake walikuwa wakiswali, wakifunga na wakitoa sadaka, tena wakijua sana kwamba wanaswali, wanafunga na wanatoa sadaka. Hilo la mwisho ndilo lililowaponza.

Katika mji huo aliishi mjane mmoja, Bi Thuwaiba, Mwenyezi Mungu amrehemu, aliyekuwa akiwaosha maiti wa kike. Zamani kazi hiyo haikuwa ya mtu mmoja. Akifa mwanamke, wanawake wa mtaa walimiminika: huyu anateka maji, huyu anashika kata, huyu anashona sanda, na wenye nguvu wanamgeuza marehemu ubavu kwa ubavu, kwa upole, kama mtoto aliyelala. Kisha ukaja mwaka wa homa. Watu wakafa, hofu ikaingia majumbani, milango ikafungwa. Mama yake Thuwaiba hakuogopa, akawaosha wote. Homa ikaondoka, lakini wanawake hawakurudi. Walikwisha kuona kwamba inawezekana bila wao.

Nao walikuwa na hoja, maana mvivu hakosi hoja, na mvivu aliyepita chuoni huwa nayo ya Kiarabu. Walisema, "Kuosha maiti ni fardhi kifaya. Akitenda mmoja, sote tumepona." Neno ni la kweli, wala halina kasoro. Ila wao waliliegemea kama watu wa sokoni wanavyouegemea ukuta mkongwe, hakuna anayeuliza ukuta wenyewe una hali gani. Mama alipokufa, kazi ikamwangukia binti.

Wala usidhani walimdharau. Lau wangemdharau, ingekuwa nafuu. Walimsifu! Akipita njiani walisema, "Ile Pepo inatembea." Sheikh Luqmani, imamu wao, alimtaja juu ya mimbari. Idi ikifika aliletewa asali na nguo mpya. Lakini chakula alichokipika kwa mikono yake hakuna aliyekitia kinywani, na harusini alikalishwa nyuma, karibu na mlango, bibi harusi asije akamtazama akapata mkosi. Mwenyewe alizoea. Mtu huzoea.

Asichoweza kukizoea ni uzee. Bega lake la kulia lilianza kuuma, kisha likaacha kuuma na likaacha kufanya kazi pia, mkono ukabaki kuning'inia kama kamba ya ndoo. Na maiti ni mzito, hajisaidii. Kummwagia maji usoni na kifuani mtu mmoja aweza. Kumgeuza ili mgongo nao upate maji, hapo mmoja mwenye mkono mmoja hatoshi.

Basi akatoka kwenda nyumba kwa nyumba. Hakuomba mtu wa kumrithi. Aliomba mtu wa kushika upande wa pili, basi.

Jirani yake alimpokea mlangoni na manyoya ya kuku yamemganda vidoleni. "Bi Thuwaiba, dada yangu, mimi moyo wangu mwepesi. Nikiona damu nazirai."

"Na huyo kuku amejichinja?"

Mlango ukafungwa.

Wa pili akasema ananyonyesha, maziwa yatamkatika. Mtoto mwenyewe alikuwa uani anapasua kuni.

Akafika kwa Bi Nuzha, mke wa mwenye mashamba ya mitende, mwanamke mkarimu kuliko wote, ambaye asali ya Idi ilikuwa ikitoka kwake. Bi Nuzha alimkalisha kwenye mto, akamsikiliza mpaka mwisho, hata visingizio vya wale wawili, kisha akacheka kwa mapenzi.

"Hebu tazama mtu huyu! Thawabu zote zako peke yako, unataka kuzigawa za nini?"

"Nazigawa, Bi Nuzha. Chukueni."

"La, la. Sisi tusiingie kwenye fungu lako. Sisi tunakuombea dua."

"Dua haimgeuzi maiti."

"Astaghfirullah! Uchovu huo, mama, unakusemesha maneno." Akampa chupa ya mafuta ya kuchulia bega, akamsindikiza hadi nje. Mzigo wa mwenzio ni kanda la usufi, nao Bi Nuzha aliutazama ule mzigo kwa huruma nyingi sana.

Haukupita muda, mama yake Bi Nuzha akafariki. Jina lake Bi Afra, mwanamke mwenye mwili, aliyekula vizuri na kucheka vizuri. Thuwaiba alifungiwa chumbani naye. Akamwosha kichwa, akamwosha ubavu alioweza kuufikia, kisha akatia mkono mmoja chini ya bega la marehemu, akavuta. Akavuta tena kwa goti. Akateleza, akaanguka kwenye maji ya josho, akakaa pale chini akihema.

Nje wanaume walikuwa wameleta jeneza. Mmoja akaita, "Je, mama, tayari?"

Alitaka kusema si tayari. Lakini ukimwita mtu Pepo inayotembea kwa miaka na miaka, siku akishindwa kutembea atakwambia nini? Kinywa chake kikasema, "Tayari." Akamfunga Bi Afra sanda, mgongo wa marehemu ukiwa mkavu, na alipotoka, Bi Nuzha alimbusu ule mkono mzima.

Tangu siku hiyo swala haikuwa na ladha kinywani mwake. Sheria aliijua. Maiti aliyezikwa bila josho kamili hufukuliwa akaoshwa, maadamu hajaharibika. Lau angesema kesho yake, mzee wa watu angetolewa akaoshwa, na aibu ingepita. Hakusema kesho yake. Wala keshokutwa. Kila asubuhi alivaa buibui aende kusema, na kila asubuhi alikuta njiani mtu wa kumwamkia kwa heshima, akarudi. Dhambi ikilala huzaa. Mpaka ikafika siku akajua kwamba sasa hata kaburi likifukuliwa, hakuna tena cha kuoshwa.

Kisha akafa Jumana, mke wa mwana wa Bi Nuzha. Alikufa kwa uzazi, yeye na mtoto, na mumewe yuko safarini na msafara wa ngamia. Thuwaiba akaitwa. Akafungiwa chumbani. Msichana alikuwa amelala macho nusu wazi, na damu imemganda mapajani hadi mgongoni. Thuwaiba akamfumba macho, akaanza kumwosha upande wa kulia kama ilivyo sunna, akafika pale pale alipokwama kwa Bi Afra. Akatia mkono, akavuta. Jumana hakuwa mnene, lakini mkono ule uliobaki nao ulikuwa umechoka. Hakugeuka.

Inzi walikwisha kujua. Jua lilikuwa limepinda.

"Mama, tayari?" sauti ikaita.

Alimtazama yule binti. Aliwaza, mgongo mmoja mkavu, migongo miwili mikavu, kuna tofauti gani kwa mtu aliyekwisha potea? Hivyo ndivyo shetani anavyosema na wazee. Hawaahidi raha, huwaambia tu kwamba wamechelewa.

"Bi Thuwaiba! Tayari?"

Akamfunika Jumana shuka, akafungua mlango.

"Si tayari," akasema. "Sikuweza kumgeuza. Nahitaji watu."

Wanawake walikuwa wamejaa upande mmoja, wanaume upande mwingine na jeneza lao. Mtu akanong'ona kwamba aliyekufa kwa uzazi ni shahidi, na shahidi haoshwi.

"Shahidi wa vitani ndiye asiyeoshwa," Sheikh Luqmani akasema bila kuinua macho. "Huyu huoshwa."

"Basi atayamamiwe kwa udongo," akasema mwingine, "tupate kuwahi."

"Tayamamu ni ya waliokosa maji au waliokosa muoshaji. Kisima hiki hapa. Wanawake hawa hapa. Tutamwambia Mola tumekosa nini?"

Bi Nuzha akasogea karibu, akasema kwa sauti ya chini, "Thuwaiba, unanitia aibu mbele ya watu. Mfunge sanda useme umemaliza. Nani atajua?"

Hapo ndipo palipokuwa na mtihani, wala si kule chumbani. Kule chumbani angeweza kusema kweli ya leo na kuizika ya jana.

"Ndivyo nilivyosema kwa mama yako," akajibu.

"Ulisema nini kwa mama yangu?"

"Nilisema tayari. Hakuwa tayari. Mgongo wake haukupata maji, Bi Nuzha. Nilishindwa kumgeuza, nikaona haya, nikamfunga hivyo hivyo."

Wanasema Bi Nuzha hakupiga kelele. Alishika nguzo. Akauliza, kama mtoto anavyouliza, "Sasa tufanye nini?"

"Kwa Jumana, ingieni. Kwa mama yako, hakuna. Nilinyamaza mpaka wakati ukapita."

Mwanamke mmoja akaanza kulia, kisha mwingine, maana kila mmoja alikuwa na mtu wake aliyepita kwenye mikono ile. Wakaanza kuuliza kwa pupa: na dada yangu? na shangazi? Thuwaiba aliwaapia kwamba wale aliwaosha bega likiwa zima. Hakuna aliyemwamini. Kwa nini wamwamini?

Sheikh Luqmani akasema, "Fardhi kifaya akitenda mmoja, wengine hupona. Asipotenda yeyote, mji mzima una dhambi. Nilikusomesheni nusu ya kwanza kwa sababu ndiyo mliyopenda kuisikia. Bi Afra ni dhambi yetu sote, na mimi mbele yenu."

Maneno mazuri. Lakini hakuna aliyeinua mguu.

Aliyeinua ni Bi Nuzha, wala si kwa huruma. Alikuja mlangoni akamwambia Thuwaiba, "Toka. Mkono wako usimguse tena mtu wangu." Akakunja mikono ya nguo, akageukia wanawake. "Wewe wa kuzirai, ingia! Wewe wa maziwa, mwanao ana ndevu, ingia! Au mnangoja nini, nyinyi? Mnangoja na nyinyi mzikwe na migongo mikavu?"

Wakaingia. Thuwaiba akasimama nje ya mlango, akisema kupitia ufa, "Upande wa kulia kwanza. Shikeni begani na nyongani. Polepole, msimmwagie kwa nguvu." Wakafanya hivyo hivyo. Mmoja alitapika. Bi Nuzha alimwosha mkwewe mgongo huku akilia, na kila aliyekuwa ndani alijua hamlilii mkwewe peke yake. Jumana akaswaliwa, akazikwa kabla ya magharibi, yeye na mwanawe.

Baada ya matanga Thuwaiba alikwenda kwa Bi Nuzha kuomba radhi, maana haki ya mja, mja mwenyewe ndiye huisamehe. Alikaa kizingitini tangu dhuha hadi adhuhuri. Bi Nuzha akatoka mwishowe.

"Umemkosea mama yangu, mwombe yeye. Nenda kamwamshe."

"Nimekuja kwako wewe."

"Mimi nilikupa asali, Thuwaiba. Nilikupa mafuta."

"Nilikuomba mkono."

Bi Nuzha akamgeuzia mgongo. Akarudi ndani. Radhi hakuitoa siku ile, wala hatujapokea kwamba aliitoa siku nyingine.

Ama mji, ulibadilika. Si kwa mapenzi, tusidanganyane. Kila mwanamke aliapa kwamba wake hataachiwa mtu asiyeonekana nyuma ya mlango. Alipokufa mwingine, walikuja kundi zima, kila mmoja na kata yake, wakichungana kama wezi. Waligombania maji. Waligombania nani ashike begani. Bi Nuzha akiwapigia kelele kama msimamizi wa shamba. Na katika kugombana huko wakajuana tena. Wakawa wanakaa baada ya josho, wanakula pamoja, wanaulizana habari za wagonjwa. Binti zao walijifunza kwa kutazama. Sheikh aliiita rehema. Huenda ni rehema. Rehema nyingine huja na sura mbaya.

Akafa mwanamke nyumba ya jirani na Thuwaiba. Yeye alikuwa amekaa peke yake, hakuna aliyemwita wala aliyepita kumwamkia. Alisikia wakiingia, akasikia ndoo, akasikia ubishi, na katikati ya ubishi mtu akachekeshwa na kitu na wengine wakamkanya huku wakicheka. Alikuwa hajasikia sauti nyingi hivyo kwenye josho tangu utotoni mwake. Akainuka, akachukua ndoo kwa mkono uliobaki, akaijaza kisimani kwa shida, akaivuta hadi kwenye ule mlango, akabisha.

Bi Nuzha ndiye aliyefungua.

"Nimeleta maji," Thuwaiba akasema.

Bi Nuzha akaitazama ndoo, akautazama na mkono. "Maji yanatosha," akasema. "Tuko wengi." Akafunga mlango.

Wapokezi wanasema Bi Thuwaiba alitamka, "Alhamdulillah," akayamwaga yale maji shinani mwa mtende, akaenda zake. Kama aliitamka kwa furaha au kwa uchungu, hapo wamehitilafiana, na hakuna aliyekuwa karibu naye wa kujua.

Mja mwema mkimwachia wema wenu wote, mnamla mzima mzima, na akianza kuoza mnashangaa harufu. Alisema uongo, akauungama, na ungamo halikumrudishia kitu, lilirudisha mji kwenye wajibu wake. Hesabu yake iko kwa Mola wake, na yetu pia. Mkisikia mtu wa mtaani kwenu anasifiwa kwa kazi iliyokuwa ya watu wote, msiseme mashaallah. Inukeni mkashike upande wa pili.