Picha Elfu Saba na Jina Moja

Mama Hiza alikuwa ameinamia ungo, anatoa mawe kwenye mchele wa jioni, simu ilipoita. Mwanamke wa upande wa pili alimpongeza: filamu yake ya katuni imeshinda mashindano. Zawadi ni miaka miwili ya kusomea kazi hiyo, chakula na malazi juu ya waandaaji.

"Aje nani?" aliuliza Mama Hiza.

"Mtu mmoja. Wewe uliyesaini, au utakayemtaja kuwa ndiye aliyeitengeneza. Jina litufikie kesho kabla ya adhuhuri. Lisipofika, nafasi inakwenda kwa mshindi wa pili."

Mama Hiza hajawahi kuchora hata kuku. Jina lake lilikuwa kwenye fomu kwa sababu wanawe watatu waligombania nani aandikwe, mwishowe wakamwandika yeye, kama walivyozoea kumwandika kwenye kila kitu cha nyumba ile, kuanzia luku ya umeme hadi king'amuzi cha televisheni. Walidhani wameumaliza ugomvi. Kumbe walikuwa wameuweka akiba.

Sasa sikilizeni kila mmoja alikuwa na nini.

Semeni, wa katikati, alikuwa na mkono. Alibuni filamu ya dakika tano, mwanamke anamtafuta ng'ombe wake kwenye msitu wa milimani wenye ukungu, akachora kila jani. Ili aimalize, alikataa kazi ya kufundisha chekechea Korogwe. Lakini kuchora si mwisho. Kompyuta ndiyo inayotia mwanga, kivuli na ukungu juu ya kila picha, na dakika zile tano zilikuwa picha elfu saba na mia mbili. Picha moja ilichukua dakika arobaini. Wakapiga hesabu: siku mia mbili. Mashindano yalikuwa yanafungwa baada ya siku ishirini.

Hiza, mkubwa wao, alikuwa na jicho la vitu vilivyokufa. Pasi, redio, pampu, vyote alivifufua. Alijua kwamba kichwa cha kompyuta ni kama fundi mmoja hodari anayemaliza jambo hili ndipo ashike lile, ila kadi ya picha ni kama wanawake wa shughuli: hakuna anayejua mengi, lakini ni wengi, na wote wanafanya kwa wakati mmoja. Akaipata kadi iliyoungua katika banda la gemu lililofungwa. Akaiunga upya. Risasi ya kulehemu iliyoyeyuka ilimmwagikia vidole viwili vya mkono wa kulia, na mpaka leo havikunjiki. Kadi ikawaka, ikaanza picha ya kwanza, ikazima. Msitu wa Semeni haukuenea kwenye kumbukumbu ya kadi hiyo.

Mbelwa, wa mwisho, alikuwa na kichwa cha kugawa. Alikumbuka mchele wa harusi ya jirani: magunia hayamwagwi yote mkekani, kila ungo hujazwa kadiri unavyobeba, ukiisha unajazwa tena. Akaandika maelekezo ya kuikata kila picha vipande kumi na sita, kadi ikishughulikie kimoja kimoja, kisha viunganishwe. Siku aliyomaliza ndiyo iliyokuwa siku ya mtihani wake wa kurudia kidato cha sita. Hakwenda. Picha ikawa dakika mbili. Siku kumi, filamu imekwisha.

Jioni hiyo Mama Hiza aliwaambia wote kwa pamoja, mwiko mkononi.

"Msitu ni wangu," alisema Semeni. "Bila mimi mngeharakisha nini? Ukuta mweupe?"

"Bila mimi ungekuwa bado unaungoja huo msitu wako," alisema Hiza.

"Kadi yako ilizima mara tisa, kaka," alisema Mbelwa. "Ukawa unaigongagonga kama redio."

"Na wewe hukushika moto wala penseli, mdogo wangu," alisema Hiza. "Uliandika mistari arobaini."

"Mistari arobaini na mtihani mmoja."

Hakuna aliyecheka.

"Basi, mama, jitaje mwenyewe," alisema Semeni. "Si ndiwe uliyesaini?"

"Nikajifunze nini kule, kupaka rangi maharage?" Mama Hiza alifunika sufuria. "Nikimtaja mmoja, wawili hawatanisamehe. Nisipomtaja, hamtanisamehe wote watatu. Nendeni mkanawe."

Akapakua wali na maharage, akawahesabu kama anavyowahesabu kila jioni: Hiza, Semeni, Mbelwa. Wote wapo. Hiza alikula kwa kijiko, kwa ajili ya vile vidole. Hakuna aliyemsogezea mwenzake bakuli. Mama Hiza aliwaza kwamba kesho mmoja ataanza kufunga begi, na wawili wataendelea kukaa kwenye mkeka huu, mbele yake, kila jioni.

Karatasi ilikuwa kando ya sahani yake, na kalamu juu yake. Wewe uliyesikiliza mpaka hapa, keti mahali pake: ungeandika jina la nani?