Bi Kazija na Minyoo ya Matopeni

Paukwa!

Pakawa!

Nyinyi mlio nyuma, mnaitikia au mnapiga miayo? Paukwa!

Pakawa!

Hapo zamani za kale, kwenye pwani ya mikoko, aliondokea mama mmoja akiitwa Bi Kazija. Nyumba yake safi, vyungu vyake kavipanga kwa kimo. Ila alikuwa na ugonjwa mmoja: hakutani na kiumbe asimuulize ukoo wake. Mgeni hajaketi, "Wa ukoo gani?" Muuza samaki hajatua tenga, "Wa ukoo gani?" Hata paka wa jirani aliulizwa, akaondoka kanuna.

Bi Kazija alikuwa na binti mmoja, Subira, kaposwa na kijana aitwaye Makame. Na ada ya huko, kamba za kitanda cha arusi husokotwa na mama wa bibi arusi kwa mikono yake. Kamba hutokana na usumba, na usumba hutokana na makumbi ya nazi yaliyozikwa matopeni mpaka yakalainika. Makumbi yasipolainika hakuna kamba, pasipo kamba hakuna kitanda, na pasipo kitanda mama atasemwa mpaka na wajukuu.

Basi Bi Kazija akazika makumbi yake. Bamvu la kwanza, siku za maji makuu, bahari ilipokupwa, akaenda kuyatazama. Akachukua kifuu chenye kitundu, akatia tone la maji kitunduni limkuzie vilivyo vidogo, akachungulia tope. Lo! Minyoo! Wembamba kuliko unywele, hawana miguu, wamejaa tele wakijinyonganyonga.

"Nyinyi wa ukoo gani?"

"Sisi minyoo tu, Bi Kazija."

"Minyoo tu si ukoo! Katika makumbi ya mwanangu hakai mtu asiyejulikana."

Akawapanga kwa kimo, kama vyungu. Warefu akawapeleka mchangani, wa kadiri akawapeleka kwenye mwani, wafupi akawaacha matopeni. Mnyoo mmoja kizee akapaza sauti, "Bi Kazija, hujatuuliza tunakula nini!"

"Nyamaza! Asiye na shingo hanifunzi mimi." Akaenda zake.

Bamvu la pili akarudi. Makumbi magumu vilevile. Akasema moyoni, labda nimekosea kupanga. Akawakusanya tena, akawapanga kwa rangi. Na rangi yenyewe hawana, unawaona mpaka ndani! Weupe huku, weupe zaidi kule, weupe wa wastani pale. Kazi ya siku nzima.

"Bi Kazija, hujatuuliza tunakula nini!"

"Nyamaza!"

Bamvu la tatu, makumbi bado magumu, na mwani wote umevaa utelezi. Arusi ilikuwa karibu. Bi Kazija akaketi topeni na kanga yake safi, akalia kwa aibu na hofu. "Mwanangu atalala chini, na mimi ndiye niliyemlaza."

"Bi Kazija," akasema yule kizee, safari hii polepole, "hujatuuliza tunakula nini."

Bi Kazija akapangusa machozi. "Haya, baba. Mnakula nini?"

"Tuchungulie vinywani."

Akachukua kifuu chake, akachungulia mmoja mmoja. Wa kwanza hana hata jino, kinywa kitundu tu. "Mimi nalamba uozo. Kazi ya makumbi ni yangu, nawe umenitupa mchangani, nimekonda." Wa pili ana kijino kimoja. "Mimi nakwangua utelezi wa mwani. Umenifukia topeni, nakwangua giza." Wa tatu ana taya pana na meno ya kutisha. "Mimi nakula hawa wenzangu."

"Ee! Na wewe una faida gani?"

"Nisipowapunguza watajazana, wakose nafasi hata ya kujigeuza. Ila nirudishe mchangani, huku matopeni siwezi kuwinda."

"Na sura zenu zote moja!"

"Ndiyo maana tulikupigia kelele," akasema kizee.

Bi Kazija akawaomba radhi, akamrudisha kila mmoja kwao. Makumbi yakalainika. Akayaponda, akasokota kamba mpaka viganja vikachubuka, na siku tatu kabla ya arusi kitanda kikawambwa. Subira akakilalia kukijaribu, akasinzia hapohapo.

Siku ya saba ya arusi, Makame akaalikwa kula kwa mkwewe. Shangazi mmoja, mpenda habari, akamnong'oneza Bi Kazija, "Hebu niambie, huyu mkweo wa ukoo gani?"

Swali lake mwenyewe hilo, leo anaulizwa yeye!

"Ngoja kwanza," akasema Bi Kazija. "Sijamwona akila."

Chakula kikatengwa. Makame akanawa, akamega samaki, na kipande cha kwanza, kinono, akampa yule paka wa jirani aliyekuwa kajikunyata mlangoni.

Bi Kazija akacheka mpaka kanga ikamdondoka. "Wa kwetu huyu! Mwongezeni mchuzi."

Hadithi yangu imeishia hapo, matopeni. Asiyeamini na akafukue.